Mpaka wa Masale

Marja aliponipigia simu mwezi wa tano mwaka jana nilikuwa jikoni kwa binti yangu, huko Pickering nje ya Toronto, nachambua maharage kwenye sinia. Ilikuwa imepita zaidi ya miaka kumi tangu niisikie sauti yake, lakini watu wa kwao hawazunguki kwenye salamu. Alisema shangazi yake, Mama Irja, alifariki wakati wa baridi, akiwa usingizini. Kwamba nyumba ya Agincourt imepata mnunuzi. Na kwamba niende nikachukue miti yangu kabla hawajakabidhi funguo. Nikamwuliza miti gani, maana katika nchi hii sijawahi kumiliki mti. "Yako," akasema. "Njoo tu, utaiona." Simu ilipokatika nikaendelea kuchambua, na nilipotazama nikakuta nimetupa maharage mazima na kubakiza mabovu. Neema, binti yangu, akaniuliza, "Baba, nani amekufa?" Nikamwambia, "Yule mwandishi." Akasema, "Yule uliyemharibia bustani?" Hivyo ndivyo nyumba yetu ilivyomkumbuka mwanamke yule, na ni mimi niliyewafundisha wamkumbuke hivyo.

Nilifika Toronto mwanzoni mwa mwaka 2007, nikiwa na miaka hamsini na minane. Yaliyonileta hayana nafasi hapa. Nitakachosema ni kwamba mtu anaweza kuwa kijana mara mbili, na mimi mara ya pili ilikuwa mwaka ule, kwa sababu sikujua chochote. Nyumbani Kibosho nilikuwa mtu wa kuitwa kwenye vikao vya ukoo; hapa sikujua hata viatu gani vya kuvaa ili nisianguke mlangoni. Neema alikuwa anaondoka kwenda kazini kabla hakujapambazuka, nami nashinda ghorofani nikitazama maegesho ya magari yakigeuka meupe. Nilianza kwenda dukani kwa Shiraz si kwa ajili ya kununua, bali kusikia Kiswahili. Shiraz alikuwa Mwismailia, mzaliwa wa Moshi, ambaye baba yake aliuza vitambaa pale mjini kabla ya familia kuhama. Aliuza mchele, unga wa sembe, viungo na kadi za simu, na nyuma ya kaunta alikuwa ametundika jembe la mkono lenye mpini wa mti, jembe la kwetu kabisa, kama wengine wanavyotundika picha ya ukoo. Siku ya kwanza alinitazama tu nikiingia akasema, "Mchagga simkosi. Karibu, Mangi." Tangu hapo hakuniita jina jingine, ingawa nilimweleza mara nyingi kwamba naitwa Aloyce na kwamba ukoo wetu haujawahi kutoa mangi, yaani chifu.

"Mangi, unatafuta kazi au unatafuta joto?" aliniuliza siku moja.

"Vyote viwili."

"Kuna bibi mmoja Mzungu, mtaa wa pili. Ananunua iliki kwangu mpaka nashangaa anaipeleka wapi. Anaandika vitabu. Anataka mtu wa kuondoa theluji na kubeba vitu, lakini asiwe mwongeaji."

"Mimi ni mwongeaji."

"Kiingereza chako hakitakuruhusu," akasema Shiraz, akacheka mpaka akakohoa.

Nyumba yenyewe ilikuwa ndogo, ya ghorofa moja, na ndani ilinukia iliki na moshi wa kuni. Mama Irja alikuwa na miaka sabini na saba, mrefu, mwembamba, nywele fupi kama za mvulana, na macho yaliyoanza kufunikwa na ukungu. Nilipomwita Mama alisema yeye si mama wa mtu. Nikamwambia kwetu mwanamke wa umri wake huitwa Mama hata kama hakuzaa. Akafikiri, akasema, "Haya. Lakini usitegemee chochote." Yeye aliniita Alois, kwa sababu kwao jina hilo lipo na hutamkwa hivyo. Kiingereza chetu sote wawili kilikuwa cha kujifunza ukubwani, chake kizuri kuliko changu, lakini tulikosea kwa namna iliyofanana na kwa hiyo tulielewana. Aliniingiza sebuleni. Palikuwa na meza, na juu ya meza taipureta, na mbele ya meza dirisha kubwa lililotazama uani. Na pembeni, ndani ya chungu cha maua, isale limesimama mpaka karibu na dari. Nilicheka peke yangu kama mwehu.

"Unacheka nini?"

"Mti huu naufahamu."

"Huo ni mti wa ofisini," akasema. "Wachapishaji walinipa nilipotimiza miaka sabini. Hauna maana yoyote."

"Kwetu ni mti wa mpaka. Tunaupanda kati ya shamba la mtu na la ndugu yake. Kuuona ndani ya nyumba ni kama kukuta jiwe la mpakani kitandani."

Akaniuliza mpaka huo unakwenda ukinyooka au unafuata mteremko, na nani huamua. Nilimjibu hayo, lakini kazi ya pili ya isale sikuitaja. Sikudhani ingehitajika.

Ndivyo alivyokuwa: hakuongea, lakini aliuliza. Baada ya kuondoa theluji alinikalisha jikoni, akanipa kahawa na mkate mtamu aliosuka kama nywele za msichana, na ladha yake ilinipeleka moja kwa moja kwenye maandazi, maana ndimo iliki yote ya Shiraz ilimoishia. Kahawa sikuimaliza. Akauliza kwa nini. Nikamwambia kwetu tunalima kahawa, tunachuma, tunamenya, tunaanika, tunapeleka chama cha ushirika. Kunywa, hapana, sisi ni watu wa chai na mbege, pombe yetu ya ndizi. Akaweka kikombe chake mezani. "Umelima kahawa maisha yako yote na hujui ladha yake?" Kwake hilo lilikuwa ajabu kuliko simba. Alilirudia kwa simu siku hiyohiyo akizungumza na Marja, binti wa kaka yake. Nilisikia jina langu katikati ya lugha yao, kisha kicheko kimoja kifupi. Alhamisi palikuwa na supu ya njegere kavu, kila Alhamisi, bila kukosa. Jumamosi alishuka chini kwenye chumba cha mvuke alichojengewa na marehemu mumewe, akapanda amekuwa mwekundu na mwenye furaha. Aliwahi kuniambia nami niingie nikitaka, zamu yangu ikifika, na nilishtuka nikaaga kabla ya wakati. Nilipomsimulia Shiraz alipiga kaunta kwa kiganja: "Mangi amekimbia maji ya moto!"

Vitabu vyake vyote, alivyoniambia, vilihusu shamba moja. Nilidhani nimesikia vibaya. Shamba moja, kilima kimoja, ziwa moja dogo, na majirani wachache. Alizaliwa pale, ng'ambo ya bahari, na alipokuwa msichana vita vikahamisha mpaka wa nchi, na shamba likabaki upande wa pili. Waliondoka wakati wa baridi, wao kwenye kigari cha kuburutwa na farasi juu ya theluji, ng'ombe wakitembea nyuma. Baadaye watu waliruhusiwa kwenda kuangalia, kwa basi, na binamu yake alikwenda. Yeye hakwenda.

"Kwa nini, Mama?"

"Ningeona lilivyo. Halafu nisingeweza tena kuona lilivyokuwa."

Nilikuwa naosha vikombe aliponiambia hivyo, na nakumbuka niliendelea kukiosha kikombe kilichokwisha kutakata. Mimi kihamba changu, shamba langu la urithi, kilikuwepo, masale yamesimama pande zote, mdogo wangu akikikagua, na kilikuwa kimekwisha kuanza kufifia kichwani. Sikukumbuka tena mgomba upi uko karibu na mlango wa zizi. Yeye aliyekosa shamba kwa zaidi ya miaka sitini alijua jiwe lipi lilikuwa na joto jioni. Asubuhi nilimsikia akipiga taipureta, kisha kimya akitazama nje dirishani, kisha akipiga tena. Nje hapakuwa na kitu ila theluji, na nilijiuliza anaona nini.

Theluji ilipokwisha niliona. Uani palikuwa pori. Wenyeji wa mtaa ule walikata majani yao yakalala kama zulia, lakini kwa Mama Irja nyasi zilipanda mpaka magotini, viwavi, yale majani ya kuwasha, vikaota karibu na ukuta, na magugu yenye maua ya njano na meupe yakajitawala mpaka kwenye uzio. Jirani mmoja alimsimamisha Marja pale mbele, nami nafagia, akamwambia kwa sauti ya upole iliyokuwa na meno, "Shangazi yako anazeeka, sivyo? Mji una sheria kuhusu majani, na sisi hatutaki kumsumbua." Marja alimjibu kwa kifupi akaingia ndani. Mimi nikabaki na ufagio. Kwetu, mama mjane akiwa na shamba lililoota magugu, aibu si yake. Ni ya watoto wa kaka zake, ni ya majirani, ni ya kila mwanamume mwenye mikono anayepita pale asiingie. Nilipomwona asubuhi amekaa anatazama uani bila kupepesa, niliona huzuni ya mtu aliyeshindwa kulima. Hivyo ndivyo nilivyosoma uso wake. Sikumwuliza, mimi niliyeulizwa naye mambo yote chini ya jua.

Mwezi wa sita alifanyiwa upasuaji wa mtoto wa jicho. Kabla ya kwenda alikuwa na furaha kama ya mtu anayesafiri. "Sasa nitaona kila jani," aliniambia. Marja alimchukua akae kwake mpaka jicho litulie, nami nikaachiwa ufunguo nimwagilie isale. Nikaenda kwa Shiraz nikamwomba jembe.

"La ukutani? Hilo ni pambo, Mangi."

"Majembe yao ya hapa ni kama vijiko."

"Unataka kulima wapi?"

Nikamwambia. Akalishusha, akalifuta vumbi, akalipima uzito mkononi kama anayempima mtoto. "Wewe ukiona ardhi imelala unawashwa," akasema. "Haya, mlimie bibi. Utarudi kuniambia alivyolia kwa furaha."

Sitajifanya kwamba sikufurahia. Miezi mingi sikuwa nimegusa udongo, na siku zile za kulima nilikuwa mtu tena. Niling'oa, nikageuza, nikapiga matuta, nikapanda maharage, mchicha, na mnafu ambao mbegu zake Neema alipewa na mama mmoja wa kanisani. Sikuacha hata unyasi. Nilikwatua mpaka kwenye uzio wa pande zote, na jirani yule mwenye sauti ya upole aliniinulia kidole gumba.

Waliporudi nilikuwa nimesimama mlango wa nyuma, nimevaa shati safi. Mama Irja aliingia sebuleni akaenda moja kwa moja dirishani, jicho moja likiwa bado na kinga ya plastiki, akavua miwani ya jua. Akasimama. Nilisubiri. Alisimama mpaka nikasikia friji ikiguruma jikoni. Kisha akauliza, bila kugeuka, "Jembe ulipata wapi?"

"Kwa Shiraz, Mama."

"Ni jembe zuri," akasema, akaingia chumbani kwake akafunga mlango.

Marja ndiye aliyeniambia, jikoni, kwa sauti ya chini. Binamu aliyekwenda kule kwa basi alikuta nyumba haipo, zimebaki ngazi za mawe na kisima. Akachuma mbegu za nyasi na maua ya pale, akazituma katika bahasha, mwaka baada ya mwaka, na Mama Irja akazipanda nyuma ya nyumba mpaka uwanja mzima ukawa malisho ya ng'ombe wa baba yake. Kila alichoandika alikiandika akitazama hapo. "Hakuna mtu aliyekutuma," Marja akasema. "Hakuna aliyekuuliza. Kwa nini?" Nilisema samahani, kwa Kiingereza, kwake na baadaye kwa Mama Irja, nikaisema tena na tena, na kila nilipoisema ilipungua uzito.

Lililoniumiza zaidi lilikuwa taipureta. Ilinyamaza. Nilikuja kama kawaida, nikabeba takataka, nikarudisha chupa tupu dukani, na nyumba ilikuwa kimya kama kanisa siku ya kazi. Alikuwa katikati ya kitabu, na Marja aliniambia waziwazi kwamba katika umri ule kitabu kikisimama huenda kisiinuke tena. Hakunifukuza. Aliweka kahawa mezani, mkate, supu Alhamisi. Ila hakuuliza kitu. Sikujua jinsi maswali yake yalivyokuwa yamenilisha mpaka yalipokatika.

"Umemwomba msamaha?" Shiraz aliniuliza. Naye uso wake ulikuwa umeanguka; aliona jembe lake limo kwenye kosa.

"Nimesema sorry."

"Sorry! Hiyo ni ya mtu aliyekukanyaga kwenye basi. Mangi, mimi Mhindi wa dukani nilikuwa nawaona wazee wenu wakipita na jani la isale kuombana radhi, nilikuwa mtoto nilijua hapo hakuna mchezo. Wewe hulijui?"

"Hapa isale nitalitoa wapi? Liko moja tu, na ni lake."

Shiraz akafikiri. "Basi utamwomba msamaha kwa kumwibia tena. Nenda tu. Mungu anajua hapa hakuna duka la masale."

Nilikata kichwa cha tawi, nikafunga fundo kwenye jani refu kama nilivyomwona baba akifanya, nikambebea kwa mikono miwili. Alikuwa jikoni, ananipa mgongo, anapima kahawa kwenye birika.

"Nini hicho?" akasema. Lilikuwa swali lake la kwanza tangu siku ile.

"Nimekuja kuomba msamaha."

"Ulishaomba, mpaka nikachoka."

"Ile ilikuwa ya mdomoni, Mama. Hii ndiyo yenyewe."

Alifuta mikono, akalichukua, akalisogeza karibu na lile jicho jipya. "Kwa nini lina fundo?"

"Ili ujue sikulichuma tu njiani. Nimelifunga nikijua nilichofanya."

"Na mimi natakiwa nifanye nini?"

"Unapokea. Ukipelekewa isale, huwezi kukataa kusamehe. Hata kama damu imemwagika."

"Siwezi?"

"Huwezi."

"Basi huko kwenu hamwombi," akasema. "Mnalazimisha."

Nimekaa vikao vingi vya kupatanisha watu, na sikuwahi kusikia mtu akilisema isale hivyo. Akaligeuza. "Ndio mti uleule wa mpaka? Mti mmoja, kazi mbili?"

"Mmoja."

"Kwa nini?"

"Sijui. Labda kwa sababu mpakani ndipo watu wanapokoseana."

Birika lilianza kutoa sauti. "Kwetu walipousogeza mpaka," akasema, "hakuna aliyetuletea jani." Akachukua glasi, akaijaza maji, akalitia lile tawi humo na fundo lake, akaliweka dirishani juu ya sinki. "Kahawa imechemka," akasema. Basi. Nilisubiri neno. Kwetu mtu akipokea hutamka, watu wasikie: nimekusamehe, yamekwisha; na mbege hupita. Nilikunywa kahawa ile mpaka machicha nikisubiri, na neno halikuja.

Maswali yalirudi, hilo siwezi kukataa. Alitaka kujua kihamba changu kina upana gani, maji ya mfereji yanagawanywa vipi, ndugu wakigombana nani hukaa katikati, kama mtu anaweza kuhamisha isale usiku na majirani wasijue. Nilimwambia wapo waliojaribu. Alitaka majina yao. Mnafu ulipokomaa nikamchumia, nikampikia na maziwa. Akala, akasema ni mchungu, akaongeza. Na taipureta ililia tena, polepole mwanzoni kama mtu anayejifunza kutembea. Lakini pazia la dirisha kubwa lilikuwa limefungwa. Kiangazi chote, mchana kweupe, aliandika kwenye nusu giza, amelifungia macho shamba langu. Niliweka vitu hivyo kwenye mizani kila nilipokuwa natembea kurudi nyumbani, na kila mara pazia lilishinda. Siku moja aliniita kwa sauti kubwa nikadhani ameanguka. Alikuwa ameinua ile glasi mbele ya dirisha la jikoni. "Limeota," akasema. Mizizi myeupe, minono, imejikunja chini ya maji. "Naiona yote." Nilisema vizuri, Mama. Sikuona zaidi ya mizizi.

Majani ya miti yalipoanza kuanguka Neema alipata nyumba Pickering, na ilikuwa lazima nihame naye. Nilikwenda kuaga. Mama Irja alinipa mkono, mkavu na wenye nguvu, akanifungia mkate kwenye karatasi. Nilikuwa nimechukua jembe toka kwenye kibanda cha uani ili nimrudishie mwenyewe.

"Jembe liache," akasema.

"Ni la Shiraz, Mama."

"Nitazungumza naye. Liache hapa."

Nililiegemeza ukutani nikaondoka, uso ukiwaka. Nilielewa, au nilidhani nimeelewa, kwamba hakutaka niende nalo kwa mtu mwingine nikamfanyie nilichomfanyia yeye. Nilivyomsimulia Shiraz alicheka, lakini si sana. Mwaka uliofuata, majira ya joto yakikaribia, Shiraz alinipigia simu Pickering kuniuliza hali, na mwishoni akasema, "Bibi yako alikuja kununua iliki. Anasema nikwambie mwezi wa tano umefika." Nikamjibu kalenda ninayo. Mwaka mwingine akaniambia tena: "Bibi anasema mwezi wa tano umefika." Mimi ni mkulima. Najua mtu anamaanisha nini anapokwambia msimu umefika. Nilielewa nusu, na nusu ile ilitosha kunipandisha kwenye treni. Haikuwa safari ndefu. Lakini sikwenda; nilitaka neno. Nilitaka atamke. Nilijiambia kwamba mtu aliyesamehe husema amesamehe, na kwamba ananiita nikarekebishe uharibifu, au nikaone pazia. Kisha Shiraz akafunga duka akaenda kukaa kwa mwanawe, na salamu zikakoma, na mimi nikawa na sababu nzuri. Aibu ikikaa sana ndani ya mtu hujifanya heshima. Niliuita ukaidi wangu heshima kwa zaidi ya miaka kumi.

Nilipokwenda, nilimkuta Marja amekuwa na mvi. Namba yangu aliipata kwa Shiraz, ambaye bado yuko hai na bado ananiita Mangi. Vitu vilikuwa vimekwisha kuhamishwa, sebule tupu, alama za miguu ya meza kwenye zulia. Nilimwuliza kama Mama Irja alikimaliza kile kitabu. "Alikimaliza," akasema, "na kingine baada yake." Nikaona nimwulize na lile pazia, maana nilikuwa nimelibeba muda mrefu. Akanitazama bila kuelewa. "Pazia? Daktari alimkataza mwanga mkali kiangazi kile, kwa ajili ya jicho. Alilalamika kila siku. Hakukwambia?" Hakuniambia. Sikumwuliza.

Kisha akafungua mlango wa nyuma.

Upande wa kushoto malisho yalikuwa yamerudi, nyasi changa zinachipua nene, na viwavi vyake ukutani. Marja alisema sikuwa nimeyaua. Mwaka uliofuata mbegu ziliamka zenyewe kutoka chini nilikozifukia. Upande wa kulia palikuwa na ardhi tupu, nyeusi, haina hata gugu moja. Na katikati, kuanzia ukuta wa nyumba mpaka kwenye uzio wa nyuma, masale. Vyungu kwa vyungu, vimepangwa mstari mmoja ulionyooka, mengine yananifika kifuani, mengine machanga, yote yametoka kwenye lile tawi la kwenye glasi na kwenye matawi ya mti mama wa sebuleni.

"Kila mwaka baridi ikiisha alinifanya niyatoe nje," Marja akasema, "na kabla haijaanza niyaingize ndani, mgongo wangu unakufa. Mwaka huu hayupo, na bado nimeyatoa. Sijui kwa nini."

"Na upande huu?"

"Huo hakuruhusu mtu apande kitu. Aliulima tu, kila mwezi wa tano, kwa lile jembe lenu. Mikono ilipokataa akanituma mimi. Nikamwuliza, Shangazi, unalima halafu hupandi, unalima kwa ajili ya nani? Akasema, 'Mwenyewe atakuja.'"

Jembe lilikuwa mahali nilipoliegemeza, ukutani, mpini umeng'aa kwa mikono isiyo yangu. Marja aliingia ndani. Nilisikia akifungua maji, akitafuta birika ambalo labda lilikuwa bado halijafungwa kwenye maboksi. Nilikuwa nimevaa viatu vya kanisani. Wenye nyumba wapya wangekuja, na huenda wangetandaza zulia la majani kama wenzao. Nilikunja suruali, nikalishika jembe, nikaanza kulima upande wangu, kutoka kwenye uzio kuja ndani, tuta kwa tuta. Nilipofika kwenye masale nikasimama. Sikuvuka.